Buda, Uko Upande Gani?

"Buda, kwani wewe uko upande gani?"

Swali hilo niliulizwa jana usiku na kijana ambaye kwa lafudhi nilimkadiria kuwa wa Nairobi, na kwa sauti nilimkadiria kuwa bado yuko sekondari. Yangekuwa matusi ningelala vizuri tu. Matusi ya humo nimeyazoea, tena mengi ni ya Kirusi na Kiarabu, kwa hiyo hayanifikii. Huyu aliuliza kwa adabu kabisa, kama anayetaka kumwelekeza mgeni kituo cha basi. Alitaka kujua kweli. Na hilo "buda" alilitoa wapi, mimi sikuwa nimetamka neno tangu mechi ianze? Umri wangu aliusoma kwenye uchezaji.

Mambo yalikuwa hivi. Dota 2, watano kwa watano. Sniper wa upande wa pili, aliyekuwa ametuchapa risasi za mbali tangu mwanzo, hatimaye amenaswa mtoni. Wenzangu wanne wamemzingira. Uhai umembakia kiduchu, pigo moja tu limalize kazi. Mimi niko nyuma yao, nimevaa joho la Invoker, nikaona si haki wenzangu wafaidi peke yao. Nikakusudia kumwangushia Sun Strike. Vidole vikatoa Tornado.

Tornado ni kimbunga. Kinamnyanyua mtu juu na kumzungusha, na neema yake kwa aliyenyanyuliwa ni kwamba akiwa kule hewani hakuna silaha wala uchawi unaomgusa. Wenzangu wanne wakabaki wanakata upepo. Sniper akazunguka kule juu salama salmini, muda wa kutosha kabisa kwa ndugu zake kuwasili. Alipotua, tuliuawa wote watano. Mimi nilikufa wa mwisho, nikitafuta Ghost Walk, uchawi wa kutoonekana, ambao nao sikuupata. Ndipo likaja lile swali.

Sasa, kwa msomaji ambaye hajapata bahati mbaya ya kukutana na Invoker, lazima nieleze, na naomba uvumilivu, kwa sababu hapa ndipo ninaposahau kula.

Dota 2 ina mashujaa zaidi ya 120. Walio wengi wana uwezo wa aina nne hivi, kila mmoja na kitufe chake. Unabonyeza, kinatokea kilichoandikwa. Mtu mzima mwenye familia anaweza kuyamudu hayo. Invoker hayumo katika utaratibu huo. Vitufe vyake vitatu vya kwanza havipigi mtu: vinaita tufe. Q ni Quas, tufe la barafu. W ni Wex, la dhoruba. E ni Exort, la moto. Matufe matatu huelea juu ya mabega yake, na ukiita la nne, la kwanza linaondoka. Ukibonyeza R, yale matatu yaliyopo yanachanganywa na kuzaa uchawi mmoja. Barafu tatu: Cold Snap. Dhoruba tatu: EMP. Moto mara tatu: Sun Strike. Dhoruba mbili na barafu moja: hiyo Tornado yangu ya jana. Moja moja ya kila aina: Deafening Blast.

Fanya hesabu mwenyewe. Vitu vitatu, unachagua mara tatu, mpangilio haujalishi: unapata michanganyiko kumi. Kumi kamili, wala hakuna wa bure. Katika DotA ya zamani, ile iliyokuwa ramani tu ndani ya Warcraft III, kulikuwa na Invoker ambaye hata mpangilio ulihesabika, kwa hiyo uchawi wake ulifika 27. Waliomcheza yule wapo, wanatembea mitaani, wana kazi na familia. Siku nikikutana nao nitawaamkia shikamoo bila kuuliza umri.

Tena matufe hayo hayakai bure hata kabla ya kuchanganywa. Quas zikielea, jeraha linapona haraka. Wex zinaongeza mwendo. Exort zinaongeza uzito wa kipigo. Ndiyo maana fundi wa Invoker vidole vyake havitulii: akitembea anabonyeza W, akisimama kando anabonyeza Q, akitaka kupiga anabonyeza E, na yote hayo kabla hajaroga mtu yeyote. Kibodi yangu inapiga kelele usiku mzima. "Baba watoto," mke wangu aliniuliza kutoka chumbani, "hiyo ripoti haiishi?" Nikamjibu kwamba wakubwa wanaitaka asubuhi.

Sasa nifike kwenye kosa, maana lina ufundi wake. Uchawi ukishazaliwa unakaa kwenye nafasi ya D, na ule uliotangulia unasukumwa kwenda F. Nafasi ni hizo mbili tu, kati ya kumi unaotakiwa kuujua. Na kile kitufe cha R kikishatumika hupumzika sekunde kadhaa kabla ya kukubali tena. Jana nilibonyeza E, E, E, barabara kabisa, kwa tempo ambayo mpwa wangu mwenyewe, aliyeniingiza katika janga hili, angeisifu. Nikabonyeza R. R ilikuwa bado inapumzika. Matufe ya moto yakaelea juu ya mabega yangu kwa fahari, na ndani ya D kukabaki kilekile kilichokuwemo. Nikabonyeza D.

Na hata ingekuwa Sun Strike, ningekosa. Huo ni mwale wa jua unaoweza kuuita popote kwenye ramani, hata kama wewe umejificha nyumbani kwenu, ila unachukua sekunde 1.7 kushuka. Kwa hiyo humpigi mtu alipo, unapiga pale atakapokuwa. Mama yangu alikuwa na kipaji hicho kwa kandambili: aliirusha kwenye kona tupu ya nyumba, nawe ukafika konani pamoja nayo. Mimi sikukirithi. Na waliobuni uchawi huu walikuwa na roho ngumu, kwa sababu lile duara la mwanga linalotangulia mwale adui halioni, wanaliona wenzako tu. Ukikosa, adui huenda asijue kwamba alitafutwa. Timu yako yote inajua. Wameona duara lako kwenye nyasi tupu, wakahesabu pamoja nawe, wakashuhudia jua likiunguza majani.

Wajuzi huunganisha. Wanatupa Tornado kwanza, na wakati adui yuko hewani wanaita EMP na kuita mwale, wakipima muda wa kimbunga kusafiri na muda wa mtu kuning'inia, ili anapogusa ardhi vyote viwe vinagusa ardhi pamoja naye. Nimeitazama video moja ya fundi akifanya hivyo mpaka mpwa wangu akauliza kama ni mpira.

"Anko," aliniambia, "si uchukue shujaa mwingine tu?"

Kisa cha Invoker, katika simulizi ya gemu yenyewe, ni kwamba wachawi wa kale waliweza kubeba kichwani uchawi wa aina tatu au nne tu, na yeye alitukuka kwa sababu ya kumbukumbu yake. Ni bwana mwenye majivuno kupita kiasi. Kila akiroga anajisifu kwa sauti. Unajua inavyokera kusikia mtu akijisifu kwa kinywa chako wakati umekosea?

Lakini si yote ni ya kwangu, na hapa naacha utani kidogo. Mchezo huu unapimwa kwa sehemu za sekunde, na seva zake za Afrika ziko Afrika Kusini. Mimi niko Dar es Salaam. Mwanga ndani ya nyuzi za mawasiliano unakimbia takriban kilomita 200,000 kwa sekunde, na waya wa chini ya bahari uitwao EASSy unateremka moja kwa moja kutoka pwani yetu hadi Mtunzini, jimbo la KwaZulu-Natal. Kwa hesabu ya darasani, kubonyeza kwangu kungekwenda na kurudi kwa milisekunde thelathini na kitu. Tarakimu iliyo kwenye kona ya skrini yangu ni kubwa mara kadhaa ya hiyo, kwa sababu data haifuati ramani, inafuata mikataba ya wenye mitandao, na kuna jioni naamini kabisa kwamba kidole changu kimepitia Ulaya kabla ya kuteremka Johannesburg. Yule mtoto wa huko anayekaa jirani na mashine anaona mtu akigeuka, anabonyeza. Mimi naona mtu akigeuka ambaye ameshageuka. Halafu tunapangwa kwenye ngazi moja ya medali, na medali haina sehemu ya kuandika umbali. Mimi ni Herald, ngazi ya chini kabisa kati ya nane. Nakubali kwamba ningekuwa Herald hata nikihamia Johannesburg. Ila kuna vijana Mwanza, Mombasa na Kampala ambao wana vidole vya kweli, na wanaitwa wabovu na watu wanaocheza dhidi ya kivuli chao cha sehemu ya sekunde iliyopita.

Mei 12, 2024, nyaya mbili za chini ya bahari zinazohudumia pwani hii zilikatika kwa mpigo. Watu walilalamikia benki na WhatsApp. Mimi nilikuwa nimesimama katikati ya njia ya kati na uchawi wa kweli kwenye D.

Mengine ni madogo. Kuna siku nilizungushia Ice Wall kambi yetu wenyewe. Kuna siku EMP ilikamua nguvu za kiumbe mmoja tu wa msituni, asiyekuwa na habari na vita. Kuna siku paka alipita juu ya kibodi na akatoa Chaos Meteor iliyoua wawili, mechi pekee ambayo mpwa wangu alisema nimecheza vizuri.

Kisha umeme, ambao jana nao ulikatika baada ya kile kipigo cha mtoni. Ukikatika na ukapotea kwenye mechi zaidi ya dakika tano, unahesabika umewatoroka wenzako. Gemu haiulizi kama mtaa mzima umekaa gizani. Ukirudia, unatupwa kwenye foleni ya waliokosa nidhamu, na hutoki kwa kukaa, unatoka kwa kushinda, pamoja na watu ambao nao wamo humo kwa sababu. Mmoja anatukana. Mmoja analala. Na shujaa humchagui unavyotaka, unaletewa wachache kwa bahati nasibu, na Invoker si lazima awemo.

Mimi niliponea kwa Ogre Magi. Huyo ni zimwi la vichwa viwili ambalo gemu yenyewe, kwa maandishi, imelipa akili sifuri. Unabonyeza kitufe, linampiga mtu. Wakati mwingine, kwa bahati tu, linampiga mara tatu au nne bila kuombwa. Hakuna matufe, hakuna hesabu, hakuna haja ya kujua mtu atakuwa wapi. Hata ule ucheleweshaji wa baharini zimwi halina habari nao, maana pigo lake likishatumwa linamfuata mtu lenyewe. Nililichukua usiku uleule wa mtoni, umeme uliporudi, na tukashinda. Niliua watu nisiowalenga.

Maikrofoni ikalia. Alikuwa ni yuleyule kijana wa Nairobi, naye kafungiwa humo kwa makosa yake.

"Buda! Kumbe unaweza! Shika huyo huyo, usimwache."

Nikawasha maikrofoni kwa mara ya kwanza na kumwambia, kwa sauti nzito ya mtu mwenye cheo, kwamba mimi hasa ni mchezaji wa Invoker. Alicheka mpaka mke wangu akatoka chumbani kuuliza nani anacheka kwenye ripoti.