Anayenijua kwa Kisogo

Nyumba ya baba mkwe wangu iko kandokando ya barabara, unapoingia Korogwe ukitokea Handeni. Ina kibaraza, kibarazani pana kigoda, na juu ya kigoda yupo baba mkwe tangu alfajiri. Mimi nina salio la mahari: mbuzi wawili, blanketi la mama na shilingi laki tatu, mwaka wa sita huu. Kwa hiyo kutoka Handeni hadi Sindeni naendesha pikapu yangu kistaarabu, lakini nikikikaribia kile kibaraza nakanyaga mafuta, kioo juu, shingo nimeizamisha kama kobe.

Sheria ya Usalama Barabarani ya mwaka 1973 haina kifungu cha wakwe. Kibao kilisema 50, tochi ikasema 81.

Trafiki alikuwa mpole, sare nyeupe pee katikati ya vumbi lote lile. Faini ni 30,000, akasema, nitapewa namba ya malipo, niende zangu. Mwenye akili angelipa. Mimi nikadai tochi imepiga basi lililonitangulia. Tukaitazama barabara sote wawili, mpaka inapopinda. Alikuwepo mbuzi mmoja.

"Haya, basi hilo utamweleza hakimu."

Tarehe ya mahakama niliiandika kiganja cha kushoto. Jioni nikala ugali wa bada kwa mlenda. Mkono wa kushoto haushiki tonge, ni kweli, lakini sabuni haijui adabu hiyo. Wiki mbili baadaye nikasikia imetolewa hati ya kunikamata. Tangu hapo kila bodaboda iliyosimama nje ya nyumba usiku, mimi uvunguni.

"Nenda mwenyewe," akasema mke wangu. "Anayejileta hatazamwi kama anayeletwa." Akanifungia chapati nne na sweta, kama mtoto anayekwenda bweni.

Nilidhani kujisalimisha ni jambo la kishindo, kwamba nikitaja jina tu pingu zitalia. "Nimekuja kujisalimisha," nikamwambia karani kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuaga kwao. Hakuinua kichwa. "Foleni inaanzia kule, kwa yule mama."

Hakimu aliuliza kwa nini sikufika ile siku ya kwanza. Nikaeleza yote, pamoja na mlenda, naye akawa anaandika. Niliposomewa shtaka ningesema "ni kweli," nikalipa, nikawahi chakula cha mchana nyumbani. Lakini mtu akishasingizia basi, kurudi nyuma ni kazi. Nikasema si kweli.

Dhamana ni haki yangu, nikaelezwa. Wanaoikosa ni watu wa mauaji, uhaini, unyang'anyi wa kutumia silaha. Kosa langu ni mguu mzito tu. Tena haiuzwi, ni bure. Ila bure hiyo ilitaka mdhamini mmoja, mkazi wa Korogwe, aje na kitambulisho cha taifa na barua ya mtendaji, asaini bondi ya laki tano.

Korogwe nzima namjua mtu mmoja.

Simu ikapigwa kwa mke wangu, mke wangu akampigia baba yake. Saa nane mzee akaingia na kanzu ya Idi, barua mkononi, muhuri bado mbichi. Nikamwamkia kutoka kizimbani: "Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Umekonda."

"Mzee, unamfahamu mshtakiwa?" hakimu akauliza.

"Namfahamu kwa kisogo, Mheshimiwa. Akipita kwangu huwa hasimami."

Karani akakohoa. Hakimu akauliza kama anaelewa kwamba nikiruka dhamana atalipa laki tano. Mzee akahesabu vidole polepole, akarudia.

"Naelewa. Laki tano hizo, na laki tatu zangu, na blanketi. Mheshimiwa, mbuzi nao mnaweza kuwaandika hapo?"

Akajibiwa kwamba shauri la mbuzi haliko mbele ya mahakama. Akasaini, na kesi ikapangwa kutajwa baada ya wiki mbili.

Nje nikamfungulia mlango wa pikapu. Akapanda, akajifunga mkanda, akakusanya kanzu yake magotini.

"Twende taratibu," akasema. "Leo tena tochi imekaa chini ya mwembe wangu. Vijana wale huwa nawapelekea maji."