Amefuata Ujombani

Baraza la Mitihani likitangaza matokeo ya darasa la saba, tovuti inazidiwa papo hapo, na wote walioshindwa kuifungua wanampigia mjomba. Mjomba ana simu janja, mjomba ana bando, mjomba anakaa Dar. Kwamba mjomba yuko kwenye daladala ya Mbagala, amesimama kwa mguu mmoja, kwapa la mtu liko puani, hilo si hoja.

"Mdogo wangu, yametoka. Hebu mwangalie mwanao," dada yangu akaniambia.

Miaka yote alikuwa mtoto wa shemeji. Siku ya matokeo ndiyo amekuwa mwanangu.

Nikahangaika na tovuti mpaka ikakubali. Unachagua mkoa, halmashauri, shule, halafu inashuka orodha nzima ya darasa, kila mtahiniwa na herufi zake mbele yake, wazi kwa yeyote mwenye bando. Daktari akikupima malaria anakunong'oneza majibu. D ya mtoto inaanikwa taifa zima. Dada yangu, badala ya kuuliza ya kwake, akaanza na mtoto wa jirani. Sipendi umbea, lakini kwa kuwa nilishafika hapo nikamwangalia. Ana C. Dada akasema "masikini" kwa sauti ya mtu mwenye furaha sana.

Nikaja kwa kijana wetu. Shemeji alikuwa ameshampokonya mkewe simu.

"Kiswahili, A," nikasoma.

"Huyo ni marehemu baba mtupu. Mzee alikuwa anaongea mpaka mahakimu wanaandika."

"Uraia na Maadili, A."

"Malezi hayo."

"Maarifa ya Jamii, B. Sayansi na Teknolojia, B."

"Kichwa cha kwetu."

"Kiingereza, C."

"Walimu hawafundishi siku hizi."

"Hisabati, D."

Kimya. Nikadhani mtandao umekata. Kisha shemeji akakohoa kidogo, akasema, "Hiyo sasa, amefuata ujombani."

Daladala nzima ilisikia, maana simu yangu spika yake haina siri. Konda akanitazama kwa huruma akanirudishia chenji akiihesabu mara mbili kwa sauti.

Naomba niseme jambo, kwa kuwa safu ni yangu na shemeji hanunui gazeti. Mtu aliyetoa kauli ile alinikopa laki na nusu kabla ya Sabasaba, akarudisha elfu themanini, akaniambia tumemalizana. Kama kuna hesabu zimepungua kwenye damu ya yule mtoto, zisitafutwe ujombani.

Nikaomba kuongea na mwenyewe. "Shikamoo mjomba." Marahaba baba, hongera, hisabati ilikuwaje? "Mjomba, zile zilizonishinda nilisiliba C zote." Sasa hebu niambieni ninyi, hiyo ni akili ya upande gani?

Lakini amefaulu, na mimi sina neno. Masomo sita, kila moja alama 50, jumla 300. Ukifika 121 una wastani wa C, umevuka. Yeye ana wastani wa B, na ile D imejificha nyuma ya zile A mbili. Miaka saba ya kuamka alfajiri inapimwa kwa siku mbili za Septemba na penseli moja, kwa hiyo simlaumu kwa lolote. Tatizo langu ni baba yake. Tangu Baraza liache kutangaza kumi bora, hakuna wa kumbishia. Zamani majina yalikuwa yanasomwa redioni, kama mwanao hayumo unanyamaza. Sasa shemeji anazunguka mtaani akisema, "Wangetangaza mngeshangaa."

Na kabla TAMISEMI hawajatoa orodha ya waliochaguliwa kidato cha kwanza, alishaamua mwenyewe kwamba kijana anakwenda Mzumbe, shule ya vipaji maalumu. Akanunua tranka. Si tranka ya kubahatisha, tranka ya bluu yenye kufuli mbili, jina la mtoto limeandikwa kwa rangi nyeupe juu ya mfuniko, na chini yake, kwa herufi kubwa kuliko jina, MZUMBE. Pesa ya tranka mnajua ilitoka wapi. Orodha ilipotoka, kijana kapangiwa sekondari ya kata, ya kutwa. Akisimama uani kwao anaiona. Tranka wanahifadhia maharage.

Nikajifariji kwamba shule ya kutwa ni nafuu. Tangu 2016 sekondari za serikali hazina ada kidato cha kwanza hadi cha nne. Ile elfu ishirini ya mwaka iliyokuwa inatusumbua kwa shule za kutwa iliondolewa. Kweli iliondolewa. Halafu ikaja fomu ya kujiunga. Sare jozi mbili, sweta, viatu vyeusi vya kamba, kaunta buku kwa kila somo, rimu ya karatasi, ndoo yenye mfuniko, ufagio wa chelewa, jembe na kwanja. Nikasoma mara mbili nihakikishe ni shule na si kambi ya kilimo. Shemeji akanipigia, sauti tamu, salamu ndefu hadi za wanangu ambao huwa hakumbuki majina yao.

"Shemeji, hii fomu nimeona nikushirikishe. Mtoto ni wako."

"Si alifuata kwenu?"

"Aah, shemeji! Kwenye kufaulu sote ni wamoja. Tuma tu, na uweke na ya kutolea."

Mwaka huo, 2024, walifaulu watoto 974,229, asilimia 80.87 ya waliofanya mtihani. Wizara ikisoma tarakimu hiyo inaona mafanikio ya elimu. Mimi naona wajomba. Laki tisa na ushee, kila mmoja na fomu yake ya kujiunga, kila mmoja anatafuta kwanja sokoni Januari, mwezi ambao mshahara wa Desemba ulishaliwa tangu Krismasi.

Na kijana ana wadogo zake. Sera ya elimu iliyozinduliwa 2025 inataka elimu ya msingi iishie darasa la sita. Wataalamu wana sababu zao na sizipingi, ila kwangu mimi maana yake ni kwamba fomu itafika mwaka mmoja kabla sijajiandaa. Wajomba wenzangu, mwenye mpwa yeyote aliyekwisha kuanza shule aanze kuweka akiba mwezi huu, na asisahau ya kutolea.