Jogoo wa Tourcoing

Paukwa! Pakawa.

Alikuwepo jogoo, jina lake Marcel Lefebvre, aliyeanguliwa mwaka 1905 huko Tourcoing, kaskazini mwa Ufaransa, katika banda la wenye kiwanda cha nguo. Alifundishwa kuwika Kilatini, akawika Kilatini, wala hakuona sababu ya kuwika kingine. Akajiunga na Shirika la Roho Mtakatifu, lile lile lililokuja Bagamoyo, na mwaka 1932 akavuka bahari hadi Gabon kufunza vifaranga wa seminari. Kifaranga aliyemuuliza mkubwa "kwa nini?" hakutazamiwa kuota upanga.

Wanasema jogoo wa shamba hawiki mjini. Huyu aliwika. Alitua Dakar 1947 akiwa askofu, na 1955 akawa Askofu Mkuu wa kwanza wa mji huo. Mwaka 1962 alimpisha Hyacinthe Thiandoum, jogoo mzaliwa wa Senegal, na kwa hilo tumpe haki yake.

Mwaka huo huo majogoo wa dunia nzima waliitwa Roma kwenye Mtaguso, mkutano mkuu wa maaskofu, wakabishana hadi 1965. Walikubaliana, pamoja na mengine, kwamba lugha za wenyeji zipewe nafasi katika ibada. Marcel naye alitia ukucha wake kwenye waraka wa makubaliano hayo. Shida ilianza kuku walipoelewa wanachoimba.

"Banda linaungua!" akapiga kelele.

Mwaka 1970 akaanzisha undugu wake wa mapadre, akaupa jina la Papa Pius wa Kumi, aliyefariki 1914 na hivyo asingeweza kubadili neno. Akafungua seminari Écône, milimani Uswisi. Siku moja Bata, mwanafunzi wake wa zamani, akamfuata huko.

"Shikamoo, Baba Askofu."

"Marahaba, mwanangu."

"Ulitufundisha utii. Mbona Roma inasema hutii?"

"Natii mapapa wote."

"Na huyu aliyepo?"

Jogoo akajikung'uta manyoya. "Huyo namwombea."

"Na sisi tukikukatalia wewe hapa Écône, ukituombea itatosha?"

"Mtafungasha," akasema Jogoo.

Mei 1976 Roma ikamvika Thiandoum kofia nyekundu ya kadinali. Julai ikampiga Marcel marufuku kutoa sakramenti. Agosti akasimama Lille mbele ya maelfu, akawika Kilatini kwa sauti kubwa kuliko kawaida. Marufuku, tujue, huongeza wasikilizaji, na wakubwa wa Roma hawakulijua hilo au walijisahaulisha.

Walijaribu kupatana. Tarehe 5 Mei 1988 alitia saini makubaliano na Kadinali Ratzinger, aliyeiwakilisha Roma, kulipokucha akayakana. Alikuwa na miaka 82, na aliogopa kufa bila kuacha maaskofu wa kuwapa daraja mapadre wake. Kwa hiyo tarehe 30 Juni akawaweka wakfu wanne bila idhini ya Papa. Roma ikatangaza kwamba yeye na wanne hao wametengwa na Kanisa. Mwalimu wa utii akawa ndiye aliyeasi kuliko wanafunzi wake wote, na aliapa kwamba ameasi kwa ajili ya utii.

Mwaka 2009 Ratzinger yule yule, sasa Papa Benedikto wa Kumi na Sita, aliwaondolea wale wanne adhabu hiyo. Jina la Marcel halikuwamo katika hati: alikuwa amefariki Martigny tarehe 25 Machi 1991, akiwa bado ametengwa.