Kwa Mheshimiwa Mtwaaji: Rangi ya Ukutani Imetuishia

Mheshimiwa Mtwaaji wa Ardhi,

Sisi wa nyumba namba 214, huku Mkoa wa Pwani, hatujambo, ila rangi imetuishia.

Nieleze. Oktoba 2019 vijana wako wa mradi wa barabara walifika na kopo la rangi nyekundu, wakachora X na namba ukutani, kando ya dirisha la chumba cha mama. Wakapima nyumba, wakahesabu minazi 11, mikorosho sita na mwembe mmoja. Baba wakamsimamisha mlangoni, wakampa kibao chenye namba akishike kifuani, wakampiga picha kama mtu aliyekamatwa na kuku wa jirani. Akatia dole gumba kwenye fomu. Tukaambiwa tangu siku hiyo tusiendeleze kitu, kwani kitakachoongezwa baada ya uthamini hakilipwi. Tukaitikia. Barabara ni ya wote, na nani anataka kuitwa mpinga maendeleo?

Katazo lako tumelitii, isipokuwa minazi. Minazi imekaidi, inazaa tu. Mmoja umeota wenyewe nyuma ya choo. Kwenye fomu haumo, kwa hiyo kiserikali haupo, ingawa nazi zake tunazikuna. Masika ya pili bati la upande wa jikoni likatoboka. Hatukulibadilisha, maana bati jipya ni maendelezo. Tumekinga ndoo, na ndoo nadhani bado ni chombo tu.

Tatizo ni kwamba mvua hiyohiyo huifuta namba ukutani. Mama anaogopa siku ya malipo mtapita msitutambue, basi humtuma mjukuu dukani, akirudi wanaikoleza X upya. Makopo manne mpaka sasa. Sijui kama kuna raia mwingine anayejinunulia rangi ya kubomolewa.

Sheria yako nimeisoma, Mheshimiwa, na nakiri ni nzuri. Zamani ulilipa mnazi, ardhi iliyoushikilia ukaiona bure, kana kwamba mnazi huota hewani. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Lohay Akonaay, ikasema haki ya kimila juu ya ardhi nayo ni mali inayolindwa na ibara ya 24 ya Katiba. Sheria ya Ardhi ya 1999 ikaja na maneno matatu matamu: fidia iwe kamili, ya haki na ya haraka. Kanuni za 2001 zikaingia mpaka uvunguni: ardhi kwa bei ya soko, posho ya usumbufu, pango la miezi 36, hata gharama ya kusafirisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20. Tani 12! Tulikaa jioni nzima tukijumlisha kitanda, kabati, kinu na kuku. Hata tani moja haikufika. Baba akasema tutajazia mchanga wa uani.

Katika yale maneno matatu, mawili ya mwanzo sina ugomvi nayo. Hilo la tatu ndilo lililotukalisha. Haraka, kwa sheria yako mwenyewe, ni miezi sita; ukipitisha unadaiwa riba. Na Sheria ya Uthamini ya 2016 inasema uthamini usiolipwa ndani ya miaka miwili tangu Mthamini Mkuu auidhinishe unakufa, mnapaswa kuanza upya. Nilikwenda kwenye ofisi moja kuulizia maziko. Kijana wa mapokezi akaniambia kwa upole kwamba faili lipo kwenye mchakato. Basi uthamini ni marehemu, X yake inaishi.

Tuseme mtalipa ile hesabu ya 2019. Wakati ule ingetosha kiwanja cha ishirini kwa ishirini ng'ambo ya pili, na chenji ya matofali. Leo dalali anataja bei yake mara nne bila kupepesa macho, eti barabara inakuja. Ndiyo hiyo barabara yenu. Ardhi yetu imepandisha bei za viwanja vya watu wote wa hapa, kasoro chake aliyeitoa.

Baba alifariki 2022. Kwenye picha yenu bado yu hai, ameshika kibao. Hakuzikwa uani karibu na mama yake kama alivyotaka, kwa sababu tuliambiwa kaburi jipya nalo ni maendelezo. Tumemlaza kwa shemeji, nje ya mipaka ya mradi. Na kwa kuwa anayelipwa lazima afanane na picha, tumeshafungua mirathi Mahakama ya Mwanzo, tugawane fedha ambazo hakuna aliyeziona.

Ombi letu ni fupi. Kama ardhi huihitaji tena, tuandikie barua kwamba umeiachia, tubadilishe bati. Kama bado unaihitaji, leta mthamini apime kwa bei ya leo, aweke na riba, na mnazi wa nyuma ya choo auhesabu. Aje kabla ya masika, ndoo nayo imeanza kuvuja.

Wako mtiifu,
Wa namba 214

Kiambatisho: risiti za makopo manne ya rangi nyekundu.