Namna ya Kuvujisha Pasipoti za Wageni na Heshima Yako Ibaki

Una nyumba ya wageni Ndia Kuu, Mombasa: mlango wa nakshi, baraza, mahamri ya asubuhi. Kila mgeni akifika, unamtaka pasipoti. Sogea nikunong'oneze namna ya kuzihifadhi.

1. Zipige picha kwa simu yako, uzitume kwenye kundi la WhatsApp la wafanyakazi. Mgeni akikunja uso, mwambie tangu 2016 WhatsApp husimba kila ujumbe, hausomi ila mtumaji na mpokeaji. Kweli tupu! Nyamazia tu ile nakala ya akiba iendayo Google Drive, ambayo haisimbwi hivyo mpaka uwashe mwenyewe. Uwashe wa nini? Utaambiwa utunge neno la siri, au utunze ufunguo wa tarakimu 64, nawe hata tarehe ya ndoa yako hukumbushwa.

2. Hamia kwenye wingu. Kijana wa saiba akufungulie akaunti kwa barua pepe yake na nambari yake ya simu. Wewe una shughuli. Wageni wakikuuliza, itaje kebo ya TEAMS, iliyotandazwa chini ya bahari kutoka Fujairah hadi Mombasa mwaka 2009. Hawataelewa, lakini watakustahi.

3. Neno la siri liwe jina la nyumba na mwaka. Libandike mapokezi.

4. Hapa ndipo penye utamu. Usilibadilishe kamwe, hata mpishi akiondoka kwa matusi. Somo liko hatua chache kutoka kwako, Fort Jesus. Wareno walikuwa na kuta nene na mizinga. Mwaka 1631 Sultani Yusuf bin Hasan, waliyemlea Goa na kumbatiza, akaingia kwa mlango kama mtu wa nyumbani, akamchoma kisu kapteni. Kuta hazikupata hata ufa. Nawe simba faili zako kwa AES ya biti 256, kisha ufunguo mpe kila mwenye tabasamu.

5. Zikivuja, usibabaike. Sheria ya Kenya ya Ulinzi wa Data ya 2019 inakupa saa 72 za kumjulisha Kamishna wa Data. Zitumie kumsaka kijana wa saiba, ambaye sasa yuko Doha. Faini haizidi shilingi milioni 5 au asilimia 1 ya mauzo ya mwaka, iliyo ndogo kati ya hizo. Hiyo asilimia 1 ndiyo nafuu yako. Onyesha tu hesabu za mauzo, zilizomo kwenye akaunti ileile ambayo kijana anayo.