Goti la Junju

Sina ugomvi na Kiingereza kirefu. Neno kama "constitution" huja limevaa suti, likafika kwetu Junju kwa adabu zake na likaondoka nazo. Vinavyonitoa roho ni vile vijineno vya herufi tatu nne, ambavyo ukilala vina maana hii, ukiamka vijana wameshavipa nyingine.

Kulikuwa na harusi upande wa Vipingo. Mpwa wangu akanipiga picha, kikoi na koti, akaitundika kwenye simu yake na chini akaandika neno moja: "goat". Mimi, mjomba wake, niliyechangia mahari ya harusi ile ile! Nikamwita. Akacheka. "Mjomba, hiyo ni sifa." Eti ni kifupisho cha maneno manne ya kusema hajapata kutokea mtu wa kukushinda tangu dunia iumbwe. Ametajwa Muhammad Ali, ambaye mkewe aliandikisha kampuni kwa herufi hizo mwaka 1992. Na Kipchoge naye ametajwa, aliyekimbia umbali wa marathoni kule Vienna kwa saa 1:59:40 Oktoba 2019. Sawa, Kipchoge na awe mbuzi, ana mbio. Mimi ngazi tu za matatu zinanihangaisha.

Nikaenda kwenye kamusi ya Kiingereza kudai haki yangu. Ikanimaliza. Maana ya kwanza, mnyama mwenye pembe. Ya pili, mzee mwenye uchu wa wanawake. Na kule Marekani kwenye besiboli, kumbe ndiye mchezaji anayebebeshwa lawama timu ikifungwa. Katika maana zote hizo, sikuona hata moja ya kuivalia koti.

Mama yangu, ambaye ni hawe, yaani bibi, wa mji mzima, alikuwa akitusikiliza kutoka jikoni. Yeye alichosikia ni "goti". Ya kwake yanamsumbua tangu masika, basi akaja na mafuta ya nazi, akaniamuru nikunje kikoi. Nilipakwa. Huwezi kumweleza mama wa umri ule mambo ya Muhammad Ali.

Wala hana kosa. Sisi Mungu alitugawia irabu tano, kila moja na sauti yake. Waingereza wana herufi hizo hizo tano, lakini wamezitwika sauti kama 20. "Hat", "hut", "heart", "hurt": kwao ni kofia, kibanda, moyo na maumivu. Kwa mwalimu aliyetufundisha sisi, vyote vinne vilitoka "hat", na imla tuliiandika kwa kumtazama usoni. Akikunja uso, andika maumivu. Sasa juu ya vurugu hiyo ndipo vijana walipoona pana nafasi ya kuongeza yao.

Chukua "drip". Dripu hapa kwetu si neno la mzaha. Watafiti wa malaria wa KEMRI na Wellcome Trust, waliopiga kambi Kilifi tangu 1989, wamefuatilia watoto wa Junju miaka na miaka, na watoto wetu wanajua kutoa kidole cha kutobolewa kabla hawajajua kuandika majina yao. Ukiambiwa fulani ana dripu, unauliza wodi gani na usiku analala na nani. Basi mpwa wangu akasimama uani, simu sikioni, akipaza sauti: "Jamaa ana dripu, we acha tu!" Dada yangu akatupa kinu, akajitanda leso, akakoroga uji wa kupeleka hospitali na kuanza kuchangisha nauli. Kumbe jamaa amenunua viatu. Uji niliunywa mimi.

Kisha kuna "cap", ambalo zamani lilikuwa kofia na siku hizi ni uongo. Kijana aliapa mbele ya mgema kwamba atalipa deni kesho, "no cap". Mgema akamwambia kama hana kapu alete hata mfuko, muhimu pesa ziwemo.

Msinirudishe kwenye kamusi, maana wenyewe wamekwenda upande wa vijana. Mwaka 2023 Oxford walilivika taji la neno la mwaka "rizz", kipande kilichong'olewa katikati ya "charisma", maana yake mvuto wa kutongozea. Hata kutongoza siku hizi kunapewa tuzo!

Wazee wenzangu wa mangweni nao wasijifanye watakatifu. Tangu 2025 sijaona matanga yasiyokuwa na mtu wa kupiga kelele "wantam", na mwingine upande wa pili akajibu "tutam". Muhula mmoja wa urais, mihula miwili, Kiingereza kimemenywa hadi kokwa, na mwenye kelele kubwa kuliko wote ni mzee asiyemwelewa mjukuu wake.

Ila lililoleta balaa nyumbani ni "bet". Kwa vijana maana yake ni sawa, nimekubali. Kwa dada yangu, kama kwa kila mzazi wa Kenya, beti ni kamari, ni ile ndege ya kwenye simu inayoruka na mishahara ya watu. Jumapili jioni akamwambia mwanawe kesho alfajiri apeleke karo shuleni, pesa zote ziko kwenye simu. Kijana akaitikia kwa heshima zote: "Bet."

Usiku ule ule dada yangu alimwamsha mwenye duka, akamkabidhi pesa za karo azihifadhi. Mpwa wangu mpaka leo anauliza amekosa nini.