Ngeli za Wageni wa Angani

Jarida la Flying Saucer Review lilianzishwa London mwaka 1955, na kwa karibu nusu karne wahariri wake watano wa mwanzo walikubaliana jambo moja tu: angani kuna kitu. Kitu gani, hapo kila mmoja alikuwa na lake. Desturi ni kuwapanga kwa tarehe. Sisi tunapendekeza wapangwe kwa ngeli, maana kiumbe asiyetambulika kwa sura huenda akatambulika kwa viambishi.

KI-VI. Derek Dempster, mhariri wa kwanza, alikuwa rubani wa zamani wa jeshi la anga la Uingereza. Kwake hivi vilikuwa visahani, yaani vyombo: vina kasi, vinakata kona, vinapimika. Katika ngeli hii tunamtia pia Mfaransa Aimé Michel, aliyedai kwamba matukio ya kuonekana kwa visahani Ufaransa mwaka 1954 yanajipanga katika mistari iliyonyooka, nalo jarida likaipigia debe nadharia hiyo. (Ukiwa na nukta za kutosha na rula ndefu, mstari huukosi.)

A-WA. Waveney Girvan na baada yake Charles Bowen walivutiwa zaidi na abiria. Mwaka 1966 Bowen alitoa toleo maalumu, The Humanoids, lililojaa taarifa za walioshuka: wafupi, warefu, wenye manyoya. Tayari mwaka 1965 jarida lilikuwa limechapisha kisa cha Antônio Villas Boas, mkulima wa Brazil aliyesema alichukuliwa mwaka 1957 na kulala na mwanamke wa humo chomboni. Chombo kikawa usafiri tu.

PA-KU-MU. Brinsley Le Poer Trench, mhariri wa pili, aliishia kuamini, miaka mingi baada ya kuachia kiti, kwamba wageni wanakaa humu humu, ndani ya dunia iliyo tupu, na hutokea kule kwenye ncha zake. Aliporithi cheo cha Earl of Clancarty aliyapeleka mambo haya Bunge la Malodi, Januari 1979. Mjadala ulichukua takribani saa 3. Serikali ilijibu kwa adabu kwamba haijaona ushahidi.

LI-YA, na hapa mchambuzi anakaa vizuri kitini. Gordon Creighton, mhariri kuanzia 1982 hadi kifo chake mwaka 2003, alikuwa mwanadiplomasia aliyefanya kazi China na Brazil, mjuzi wa lugha nyingi, msomi kuliko wote waliomtangulia. Mwaka 1983 alitangaza matokeo ya utafiti wake: ni majini. Alitaja dalili moja moja: hawaonekani wakitaka, hubadili sura, huchukua watu, husema uongo, huwatamani binadamu. Kisarufi ni ushindi mkubwa, kwa kuwa jini ana umbo la LI-YA na upatanisho wa A-WA, jambo linaloeleza kwa nini rada haikuwahi kuelewana naye. Kiutawala ni balaa. Bibi yeyote wa Tanga angempa Creighton orodha ile ile kabla chai haijapoa, bila ada ya mwaka. Na jarida lililoanza na rubani likawa sasa linahitaji mganga.

Ngeli ya KU, ile ya vitenzi-jina kama kukosea na kudhania, haikupata mhariri.